Kabla ya kuomba "kitabu cha mbilikimo"

Tangu shule zifunguliwe, rafu moja ya chumba cha marejeleo cha maktaba yetu, ile ya vitabu kuhusu jamii za msitu zilizozoeleka kuitwa mbilikimo, imetuletea malalamiko karibu kila siku, na malalamiko yenyewe hayafanani. Kuna wazazi wanaotaka vitabu vya rafu hiyo viondolewe vyote kwa sababu vinadhalilisha watu. Kuna wanafunzi wanaofika dawatini kuomba "kitabu cha mbilikimo" kama wanavyoomba kitabu cha tembo. Wakipewa, wananakili sura nzima bila kutazama kiliandikwa mwaka gani. Na kuna wasomaji wachache wa jamii za Watwa na Wambuti wenyewe, ambao wametuuliza kwa nini lebo ya rafu inawaita kwa jina ambalo nyumbani kwao hakuna anayelitumia. Swali hilo la mwisho limetukosesha usingizi. Kwa kuwa kuorodhesha vitabu ndiyo kazi yangu, ofisi imenitaka nieleze kwa maandishi.

Nawachukulia wote kuwa na nia njema. Ila naomba jambo moja: kabla ya kulalamika au kunakili, soma kadi ya kitabu. Mwandishi, mwaka, mahali alipokaa, na jamii aliyoishi nayo. Vyote vimo.

Tuanze na jina. Neno "mbilikimo" lilikuwa likisemwa pwani kabla Mzungu yeyote hajafika msitu wa Ituri, mashariki mwa Kongo. Wasafiri wa karne ya 19 waliliandika kwenye daftari zao, wakaelezwa kwamba limetokana na "mbili" na "kimo", na kwamba ni watu wa mbali sana huko bara. Ni jina la watu waliosimuliwa, na waliosimulia wengi wao hawakuwahi kuwaona. Neno ambalo Wazungu hulitumia, ambalo kwa Kifaransa chetu cha ofisini limekuwa "Pigme", lina asili ya Kigiriki, na kwa Kigiriki nalo ni kipimo: urefu wa kutoka kiwiko cha mkono hadi vifundo vya vidole. Homer, mshairi wa kale wa Wagiriki, alikuwa akiimba habari zao wakipigana vita na korongo. Kwa hiyo lugha mbili zisizojuana, moja ya Bahari ya Hindi na nyingine ya Mediterania, ziliwapima watu hawa badala ya kuwauliza wanaitwaje.

Hakuna kabila linaloitwa mbilikimo. Nalisema hili kila wiki na bado insha zinakuja na kichwa "Mila na desturi za kabila la mbilikimo". Ndani ya msitu wa Ituri peke yake kuna Wambuti wanaowinda kwa nyavu, kuna Waefe wanaowinda kwa upinde, na kuna Waasua wenye lugha yao. Lugha ya Waefe ni ndugu ya Kilese, lugha ya majirani zao wa vijijini, Walese. Wambuti wengine wanasema Kibila, lugha ya majirani zao Wabila. Watwa wa Kivu, Rwanda, Burundi na Uganda ni watu wengine tena, na wengi wao tangu mababu wanajulikana kwa ufinyanzi wa vyungu. Waaka wako Jamhuri ya Afrika ya Kati na Kongo-Brazzaville, Wabaka wako Kameruni na majirani zake. Mwanafunzi anayewaandika wote kwa sentensi moja amechukua nchi yote ya misitu, kutoka pwani ya Atlantiki hadi karibu na Ziwa Albert, akaifanya kijiji kimoja.

Sasa sheria, maana hapa ndipo barua nyingi zinapokosea. Sheria namba 5-2011 ya tarehe 25 Februari 2011 ni ya Jamhuri ya Kongo, yaani Kongo-Brazzaville. Kifungu chake cha kwanza kinakataza kutumia neno "Pigme" na kinalihesabu kuwa kosa la matusi kwa mujibu wa kanuni ya adhabu ya nchi hiyo. Sheria yetu sisi, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, ni namba 22/030 ya tarehe 15 Julai 2022, inayolinda na kuendeleza haki za watu hawa wa asili, nayo imeliweka neno hilo hilo kwenye jina lake. Wametuandikia wasomaji wakidai tushtakiwe kwa kifungu cha Brazzaville. Adhabu ya Brazzaville haivuki mto. Hata hivyo maktaba haina mamlaka ya kutafsiri sheria, na maelezo haya yasichukuliwe kuwa ushauri wa kisheria; mwenye shauri amwone mwanasheria. Sisi tunachofanya ni hiki: kwenye barua rasmi tunafuata jina la sheria, na kwenye rafu na kadi tunatumia majina ambayo watu wenyewe wanajiita.

Lebo mpya zimeanza kubandikwa. Vitabu vilivyokuwa chini ya kichwa kimoja vinagawanywa: Wambuti, Waefe, Watwa, Waaka, Wabaka. Kichwa cha zamani hakifutwi kwenye katalogi. Kinabaki kama kadi ya "tazama", ili anayekuja na neno la zamani aelekezwe kwenye jina sahihi badala ya kuambiwa hatuna kitu. Masimulizi yanabaki kwenye namba 398.2, ya ngano na hadithi za mapokeo; riwaya zinabaki kwenye fasihi ya lugha zilizoandikiwa, na hazitahamia kwenye masomo ya jamii hata kama mhusika mkuu ni Mtwa. Anayeona kitabu kimewekwa chini ya jina lisilo lake achukue fomu ya marekebisho dawatini, aandike namba ya kitabu, jina analopendekeza na ukurasa unaothibitisha. Asiyejua kuandika atasaidiwa na mhudumu. Fomu bila namba ya kitabu haishughulikiwi, kwa sababu hatuwezi kujua ni kitabu kipi.

Jina lililochapwa kwenye jalada halibadilishwi. Si kwa kalamu, si kwa karatasi ya kubandika. Tumepokea vitabu vilivyorudishwa maneno yakiwa yamefutwa kwa wino, ukurasa baada ya ukurasa. Naielewa hasira hiyo, lakini kitabu hicho ni ushahidi, na aliyefuta wino amemfichia mwandishi kosa lake. Kwa kanuni za maktaba, anayeharibu ukurasa hulipa gharama ya kutafuta nakala ya ukurasa huo na kujalidi upya; anayechana picha hulipa bei ya kitabu kizima, na kadi yake ya uanachama inazuiwa kwa miezi 6. Akirudia, kadi inafutwa. Kwa mtoto wa shule, barua inakwenda kwa mzazi kwanza, halafu shuleni.

Kuhusu kuviondoa vitabu vyenyewe, jibu ni hapana, na nitaeleza kwa nini. Mwaka 1699, huko London, daktari Edward Tyson alichapisha kitabu alichokiita anatomia ya "Pigme". Alichopasua mezani alikuwa sokwe mchanga aliyeletwa kwa meli kutoka Angola. Kwa hoja hiyo akahitimisha kwamba watu wafupi waliotajwa na Wagiriki hawakuwa watu bali nyani. Karibu miaka 170 baadaye, mwaka 1870, Mjerumani Georg Schweinfurth alikutana na watu alioandika kuwa Akka (si wale Waaka wa Jamhuri ya Afrika ya Kati) katika ua wa Mfalme Munza wa Wamangbetu, akaandika kwa fahari kwamba sasa hadithi ya kale imethibitika. Ukimwondoa Tyson rafuni, hutaelewa kwa nini Schweinfurth alifurahi hivyo, wala kwa nini waliomfuata walikuja na vipimo vya vichwa kabla ya kuja na daftari la maneno.

Kila mmoja alikuja na kitu alichokuwa akikitafuta. Padre Paul Schebesta, aliyefika Ituri mara ya kwanza mwaka 1929, alitoka katika mafundisho ya Padre Wilhelm Schmidt, aliyeamini kwamba watu wa kale kabisa walimjua Mungu mmoja na kwamba jamii hizi za msitu zimehifadhi imani hiyo. Schebesta alikuwa mtu wa kazi ngumu. Alirudi tena na tena hadi miaka ya 1950, na orodha zake za majina ya kambi na koo bado hazina mfano. Lakini anayemsoma ajue ni swali gani alilobeba mfukoni.

Turnbull ndiye anayeombwa zaidi, kwa hiyo nikae kwake kidogo. Colin Turnbull, mwanaanthropolojia Mwingereza, alifika Epulu, ndani ya msitu wa Ituri, mwaka 1951, akarudi kwa utafiti mrefu mwaka 1957 na 1958, na kitabu chake kuhusu watu wa msitu kikatoka 1961. Alifika akitumia Kingwana, yaani Kiswahili chetu cha huku, jambo ambalo wasomaji wa Kiingereza hawalitambui kabisa. Si riwaya, ingawa wengi wanairudisha wakisema "riwaya nzuri". Ni kitabu cha mtu aliyewapenda Wambuti waziwazi, na mapenzi hayo ni nguvu yake na ni udhaifu wake. Kuna sehemu ya molimo (ibada ya Wambuti ya nyimbo za usiku) ambayo ningependa kila mwalimu aisome darasani. Turnbull alikuwa ameisubiri kwa hamu tarumbeta takatifu ya usiku, ile ambayo wanawake na watoto hawaioni. Ilipotolewa akakuta ni bomba la chuma. Alivunjika moyo. Wenyewe wakamshangaa: kinachojalisha ni sauti inayotoka, bomba linaimba vizuri na haliozi kama mti. Mwanafunzi aliyeandika kwamba watu hawa "hutumia vifaa vya asili pekee na hawataki mabadiliko" alikuwa na ukurasa huo mkononi.

Udhaifu wake ni kijiji. Katika kitabu hicho msitu ni uhuru, na kijiji ni mahali pa woga, uchawi na kujifanya. Wasomaji wetu wengi ni watoto wa vijiji hivyo hivyo, wana wa Wabila na Wandaka, na wana haki ya kuuliza mbona wao wamechorwa kwa makaa. Mwaka 1994 Roy Richard Grinker alitoa utafiti wake aliofanya kwa Walese na Waefe pamoja, akionyesha kwamba pande hizo mbili haziwezi kuelezwa moja bila nyingine: zinaitana kwa lugha ya nyumba, ya ndoa na ya uzazi, pamoja na dhuluma iliyomo ndani ya nyumba hiyo. Kanuni zetu zinaruhusu kuazima vitabu 2 kwa siku 14. Mchukue hao wawili kwa pamoja. Tumeviweka kwenye rafu moja ubavu kwa ubavu kwa makusudi, na tafadhali mvirudishe hivyo.

Anayetaka mfano wa utafiti uliouliza swali dogo na kulijibu sawasawa, amsome Barry Hewlett kuhusu akina baba wa Kiaka, uliotoka 1991. Alihesabu na kukuta kwamba baba alikuwa amembeba mtoto wake mchanga, au yuko karibu naye kiasi cha kumfikia kwa mkono, takriban asilimia 47 ya muda. Hakuna urefu wa mtu unaohitajika kuelewa habari hiyo.

Upande wa hadithi za watoto, wazazi wanauliza kuhusu kile kitabu cha Roald Dahl cha kiwanda cha chokoleti. Ni kweli. Katika toleo la 1964 wafanyakazi wa kiwanda walikuwa "Pigme" weusi kutoka msitu wa Afrika, waliosafirishwa ndani ya makasha na kulipwa kwa mbegu za kakao. Baada ya kupingwa, toleo la 1973 likawabadilisha rangi na nchi. Makasha yalibaki. Nakala za kuazima watoto ni za toleo lililorekebishwa. Nakala ya zamani, kwa maktaba yenye nayo, ni ya kusomea ndani chini ya uangalizi.

Kwa watu wazima ipo riwaya ya Kifaransa ya Mkongo mwenzetu, In Koli Jean Bofane, *Congo Inc.*, ya mwaka 2014. Kijana Isookanga, Muekonda (jamii nyingine ya watu hawa wa msitu), anauacha msitu kwenda Kinshasa kwa sababu anataka biashara, mtandao na utandawazi. Amelalamikiwa kwamba "si mbilikimo wa kweli". Malalamiko hayo siyapokei. Mhusika huyo ana tamaa, makosa na akili kama kijana mwingine yeyote wa Kinshasa, na hilo ndilo vitabu vya miaka mia mbili vilimnyima. Kitabu kina ukatili wa vita na mambo ya chumbani. Aliye chini ya miaka 18 alete idhini ya mzazi iliyosainiwa.

Mwisho ni picha. Wengi mnamjua Ota Benga, aliyechukuliwa Kasai na Mmarekani Samuel Verner, akaonyeshwa kwenye maonyesho ya St. Louis mwaka 1904 na, Septemba 1906, ndani ya nyumba ya nyani ya bustani ya wanyama ya Bronx, hadi wachungaji Weusi wakiongozwa na James H. Gordon walipopaza sauti akatolewa. Alijitoa uhai huko Lynchburg, Virginia, Machi 1916. Taasisi inayosimamia bustani hiyo iliomba radhi mwaka 2020. Tunalijua jina lake. Lakini katika vitabu vyetu vya kabla ya uhuru kuna mamia ya nyuso zisizo na jina: "mwanamke wa Kipigme na mtoto", "mwindaji, kimo sentimita kadhaa". Kimo kimeandikwa, jina halikuandikwa.

Kwa hiyo tunaanzisha daftari la majina. Ukimtambua mtu, kambi, au hata mto uliopo nyuma ya picha, omba fomu ya kijani. Andika namba ya kitabu na ukurasa, jina unalolijua, na nani alikuambia: bibi, mjomba, mzee wa kambi. Cheti hakihitajiki. Tukipata majina mawili kwa sura moja tutaandika yote mawili na kutaja aliyeleta kila moja, kama ataridhia kutajwa. Mzee asiyeweza kufika mjini, mhudumu wetu atakwenda na nakala ya picha siku ya soko. Usiandike kwenye picha yenyewe, hata kwa penseli. Tuletee, tutaliandika kwenye kadi, mahali palipokuwa na kimo.