Biskuti za Meringi na Lozi kwa Pasaka ya Kiyahudi: Dhana Potofu na Ukweli

Wengi huamini kwamba katika Pasaka ya Kiyahudi kila kilichoumuka kimekatazwa, na kwamba biskuti ya meringi, yaani iliyofura kwa povu la ute wa mayai na sukari, imo katika katazo hilo. Sivyo. Chachu inayokatazwa hutokana na nafaka tano, yaani ngano, shayiri, rai, oti na spelti (aina ya ngano), zinapolowana na kuachwa zichachuke; marabi, yaani walimu wa dini ya Kiyahudi, waliweka kipimo cha dakika 18, na ndiyo sababu mkate wa matza, usiotiwa chachu, hukandwa na kuokwa kwa haraka kubwa. Ute wa yai hauchachuki unapopigwa, bali hujaa hewa tu. Tena, kwa kuwa meringi haina maziwa wala siagi, inaweza kuandaliwa baada ya mlo wa nyama bila kuvunja sheria ya kutochanganya nyama na maziwa.

Kosa la upande wa pili ni kudhani kwamba, maadamu hakuna unga wa ngano, kila meringi inafaa. Hapa ndipo waokaji wasiozoea desturi hizi hujikwaa. Sukari laini ya dukani, ile ya kupambia keki, mara nyingi hutiwa wanga wa mahindi ili isigandamane, na Wayahudi wa Ashkenazi, ambao asili yao ni Ulaya ya Kati na ya Mashariki, kwa desturi hawali mahindi, mchele wala jamii ya kunde katika siku hizo. Wasefaradi wengi, yaani Wayahudi wenye asili ya Uhispania na Ureno, hawafungwi na desturi hiyo, na mwaka 2015 marabi wa Conservative, mojawapo ya matapo ya dini ya Kiyahudi, nchini Marekani waliwaruhusu wafuasi wao kula vyakula hivyo. Kwa hiyo anayemwokea mgeni hana budi kumuuliza kwanza anafuata desturi ipi. Njia salama ni kusaga sukari ya kawaida nyumbani. Vanila ya maji nayo ikaguliwe, kwa kuwa kileo kilichomo huenda kimetokana na nafaka.

Je, karanga zinaweza kushika nafasi ya lozi? Kwa mpishi ni vitu vinavyofanana, lakini karanga ni jamii ya kunde, na Waashkenazi wengi huziepuka wakati wa Pasaka. Lozi, jozi na korosho hazimo katika kundi hilo.

Husemwa pia kwamba mafuta ya lozi huua povu, hivyo haziwezi kuchanganywa na meringi. Kuna chembe ya ukweli: mafuta, hata tone la kiini cha yai, huzuia ute kufura unapoanza kupigwa. Lakini povu likishakuwa zito na sukari ikayeyuka humo, huweza kuzibeba lozi, mradi ziwe zimekaangwa kavu, zikapoa kabisa, zikakatwakatwa badala ya kusagwa hadi zitoe mafuta, na zikaingizwa mwishoni kwa mwiko, taratibu. Povu litapungua kidogo, na hilo halina madhara.

Wanaopunguza sukari kwa kudhani kazi yake ni utamu peke yake huishia na biskuti zinazovuja maji, kwani sukari ndiyo inayoshikilia povu. Gramu 50 kwa ute wa yai moja ni kipimo cha kawaida, nayo hutiwa kidogo kidogo baada ya ute kuanza kusimama. Nusu kijiko cha chai cha maji ya limau kwa kila yai huongeza uimara.

La mwisho ni moto. Meringi hukaushwa zaidi kuliko kuokwa: nyuzijoto 100 za Selsiasi kwa muda wa saa moja na nusu hivi, kisha oveni huzimwa na biskuti huachwa humo zipoe. Zikitolewa, zifungiwe mara moja katika chombo kisichopitisha hewa, maana sukari hunyonya unyevu, na katika hali ya hewa ya pwani hulainika upesi mno.