Tufaha la moto kwenye kikaangio cha hewa: dhana potofu na ukweli

Nianze na jina lenyewe, maana makosa mengi yanaanzia hapo. Kikaangio cha hewa hakikaangi. Juu kuna koili ya umeme, na feni inasukuma hewa ya moto izunguke kwa kasi ndani ya chumba kidogo. Basi ni oveni ndogo yenye upepo. Philips walipokiingiza sokoni mwaka 2010 walikitangaza kwa chipsi zisizo na mafuta mengi, na hadi leo watu wengi hawakitoi kwenye chipsi na kuku. Ukiwatajia kitindamlo cha matunda, wanakuletea hofu moja baada ya nyingine. Nyingi hazina msingi. Chache zina msingi, ila zimeelekezwa pasipostahili.

Dhana: Upepo huo utalikausha tunda.

Hii ndiyo ninayoisikia zaidi, na ukweli ni kinyume chake kabisa. Karibu asilimia 85 ya tufaha ni maji. Kulikausha tunda ni kazi ya saa nyingi kwa joto la chini, wala si ya dakika 15. Kinachokauka ni ule uso wa juu tu, na huo tunataka ukauke. Uso wa tunda ukiwa bado umelowa, joto lake haliendi mbali zaidi ya nyuzi 100, kwa sababu nguvu yote inaishia kwenye kugeuza maji kuwa mvuke. Maji yakishapungua hapo juu ndipo sukari inapopata nafasi ya kugeuka rangi. Fruktosi, ambayo ndiyo sukari iliyo nyingi zaidi kwenye tufaha, huanza kwenye nyuzi 110 hivi. Sukari ya kawaida hungoja hadi karibu 160.

Kwa hiyo adui wa kitindamlo hiki ni maji kuzidi. Jaribu uone: kata tufaha vipande, nyunyizia sukari, liache bakulini dakika 10. Chini utakuta maji yametuama, kwa sababu sukari imeyavuta kutoka ndani ya tunda. Ukimimina vyote kwenye kikaangio, tunda litachemka na kutoka limepauka, limelegea. Mimi huyachuja maji hayo kwenye sufuria ndogo, nikayachemsha na kipande cha siagi mpaka yanate kwenye kijiko, kisha nikayarudisha juu ya tunda likishaiva. Ladha yake huwezi kuipata kwa kuongeza sukari. Na usijaze kikapu: vipande vikibebana vinapikana kwa mvuke.

Dhana: Ukiweka joto la juu, kinaiva upesi.

Kinaungua upesi. Koili iko karibu mno na chakula, hivyo kwa nyuzi 200 juu panakuwa peusi huku katikati pakiwa bado pagumu. Mdalasini nao ukiungua unakuwa mchungu, na asali inaungua mapema kuliko sukari ya kawaida kwa sababu ya fruktosi yake, kwa hiyo asali weka mwishoni.

Kwa nusu ya tufaha, nyuzi 170 zinatosha. Likate katikati, toa mbegu kwa kijiko cha chai ili libaki shimo, tia humo siagi kidogo, sukari kijiko kimoja cha chai, mdalasini na chembe za chumvi. Baada ya dakika 12 lichome kwa ncha ya kisu. Kisu kiingie bila kusukumwa, lakini tunda liwe bado limeshika umbo lake. Kama sivyo, ongeza dakika mbilimbili. Ukifuata maelekezo yaliyoandikwa kwa ajili ya oveni kubwa, punguza nyuzi 20 na uanze kukagua theluthi mbili ya muda ikipita.

Dhana: Tufaha kali ndilo lisilovurugika.

Ni nusu ya ukweli. Granny Smith, lile tufaha la kijani, ni kali na inashika umbo. Lakini Bramley, tufaha la Waingereza la kupikia, ni kali vilevile na ikipata moto inageuka uji. McIntosh, aina nyingine ya tufaha, nayo inabonyea haraka. Ukali hausemi kila kitu. Aina yenyewe ndiyo inayoamua. Kwa mapea na mapichi chagua yaliyoiva lakini bado magumu kidogo. Ndizi iwe ya njano isiyo na madoa mengi. Nanasi halisumbui, hata anayeanza leo ataliweza.

Dhana: Tunda likigeuka kahawia baada ya kukatwa, limeharibika.

Halijaharibika. Ni vimeng'enya vya tunda vimekutana na hewa. Maji ya limau yanavizuia, na asidi yake pia inachelewesha kulainika kwa pektini, ile gundi ya asili inayoshikilia tunda, hivyo vipande vinabaki vizima kidogo zaidi.

Dhana: Karatasi ya kuokea ni salama wakati wote.

Hapa naomba uwe makini. Ukiiweka karatasi tupu wakati mashine inapashwa joto, upepo unaweza kuinyanyua hadi kwenye koili ikashika moto. Iweke pamoja na tunda, ikandamizwe na uzito wa tunda. Oti kavu, ukipenda kuziweka juu ya tunda, nazo hupeperuka. Zichanganye na unga, sukari na siagi iliyoyeyuka mpaka ziwe madonge madogo kama dengu, zibonyeze juu ya tunda, na uziweke muda ukifika nusu ili zisiungue.

Bakuli la kauri au la glasi linaruhusiwa, mradi ni la kuokea na limeachiwa nafasi pembeni hewa ipite. Usilitoe kwenye friji na kuliingiza motoni papo hapo, linaweza kupasuka.

Dhana: Kwa kuwa hakuna mafuta, kula utakavyo.

Kikaangio hakipunguzi sukari uliyoweka. Vijiko vitatu vikiingia, vitatu vinaliwa. Vitamini C hupungua kwa joto, ingawa hapa hakuna maji ya kuimwaga nayo kama unapochemsha. Nyuzinyuzi zinabaki, hasa usipolimenya tunda, na sioni haja ya kumenya: ganda ndilo linaloshikilia nusu ya tufaha isifumuke.

Dhana: Kitindamlo cha moto kiliwe kikitoka tu.

Kiache dakika tano. Sukari iliyoyeyuka inanata mdomoni na kuunguza vibaya kuliko maji ya moto, na ule mchuzi ulio chini ya tunda ukipoa kidogo unakuwa mzito. Mimina huo mchuzi ndani ya shimo la tufaha kabla ya kumpa mtu.