Sura ya Rondo Hatton haikutokana na gesi ya vita

Wapenzi wa filamu za kale za kutisha wanamjua mwigizaji Rondo Hatton kwa sura yake: taya pana, paji lililotokeza, mikono mikubwa. Wengi bado wanaamini kwamba aliharibiwa na gesi ya sumu ya Wajerumani alipokuwa mwanajeshi wa Marekani huko Ufaransa, katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Si kweli. Vitani alikwenda, lakini gesi ile huunguza ngozi, macho na mapafu, haikuzi mifupa.

Hatton alikuwa na ugonjwa uitwao akromegali. Kwa mwenye ugonjwa huo, tezi ya pituitari, iliyo chini ya ubongo, hutoa homoni ya ukuaji kupita kiasi, mara nyingi kwa sababu ya uvimbe usio wa saratani. Mifupa ya mtu mzima hairefuki tena, kwa hiyo hunenepa: pete inagoma kuingia kidoleni, viatu vinabana, meno yanaachana. Yote hayo huja polepole, kwa miaka, na moyo nao huathirika.

Hadithi ya gesi ilienezwa na watangazaji wa studio ya Universal, iliyomtumia kama jitu lisilohitaji kupakwa vipodozi. Kwangu huo ni ukatili. Kabla ya sinema, mtu huyu alikuwa mwandishi wa habari huko Tampa, Florida. Alifariki kwa mshtuko wa moyo Februari 1946, akiwa na miaka 51. Filamu zake mbili za mwisho, House of Horrors na The Brute Man, zilitoka baadaye mwaka huohuo.