Aliyekupiga ameachiwa huru: nani anakata rufaa?

Tangu kampeni za msaada wa kisheria zianze kuzunguka kwenye kata zetu, kuna swali moja ambalo halikosi mezani kwetu: "Aliyenipiga ameachiwa. Rufaa nakata wapi?" Anayeuliza huwa ameshakasirika, na mara nyingi ameshachelewa.

Mama mmoja wa Ukerewe alipanda meli ya asubuhi kutoka Nansio, akatufikia mchana na bahasha ya kaki aliyoiviringisha kwenye kanga. Ndani mlikuwa na nakala ya PF3, ile fomu ya polisi ya matibabu, picha mbili na hukumu. Aliukunja mkono wa kulia mbele yetu hadi ulipogoma. "Huu ndio ushahidi, mwanangu," alisema. Hukumu ilikuwa imetimiza siku 52 tangu itolewe. (Ameturuhusu tumtaje bila jina. Makala haya ni elimu ya jumla na hayagusi shauri lolote lililoko mahakamani.)

Tulimuuliza kesi ilisikilizwa mahakama gani, akajibu, "Ya serikali." Jibu hilo halitusaidii, kwa sababu zote ni za serikali. Cha kujua ni kama ilikuwa Mahakama ya Mwanzo au ya Wilaya, maana hapo ndipo njia zinapoachana.

Kesi iliyoanzia Mahakama ya Mwanzo, mlalamikaji mwenyewe anaweza kuikatia rufaa Mahakama ya Wilaya, hata kama mshtakiwa ameachiwa huru. Sheria ya Mahakama za Mahakimu, Sura ya 11, imempa haki hiyo, yeye na Mkurugenzi wa Mashtaka, yaani DPP. Hati ya rufaa iandikwe jina la mahakama, namba ya shauri, tarehe ya uamuzi na sababu za rufaa moja baada ya nyingine kwa namba, na ifike Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30 tangu siku ya uamuzi. Siku hizo hazianzi siku uliyopata nakala, wala siku ng'ombe alipouzwa ukapata nauli. Ukizipitisha, unaomba kwanza kuongezewa muda, na kiapo chako kieleze kila siku iliyopotea ilipotelea wapi. "Nilikuwa naumwa" bila cheti cha hospitali haikufikishi mbali.

Kesi iliyosikilizwa Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi ni habari nyingine. Pale wewe uliyepigwa ni shahidi, na mwenye kesi ni Jamhuri. Mshtakiwa akiachiwa huru, anayeweza kukata rufaa Mahakama Kuu ni DPP peke yake. Kwa Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, taarifa ya kusudio la kukata rufaa hutolewa ndani ya siku 30, na hati ya rufaa huwasilishwa ndani ya siku 45 tangu uamuzi, bila kuhesabu muda wa kusubiri nakala za hukumu na za mwenendo, yaani kumbukumbu ya yaliyosemwa mahakamani. Watu huchanganya muda huu na zile siku 10 za kusudio alizopewa aliyetiwa hatiani. Wewe unachoweza kufanya ni kwenda mapema ofisi ya mashtaka ya wilaya au mkoa, na barua fupi inayoonyesha wapi hakimu amekosea. Uamuzi unabaki kwa DPP, ambaye Katiba, ibara ya 59B, inamtaka azingatie haki, maslahi ya umma na kuzuia matumizi mabaya ya taratibu za utoaji haki.

Hakikisha pia kwamba kweli ameachiwa huru. Kuna wanaokuja wamefura kumbe mtu yuko nje kwa dhamana na kesi inaendelea. Wengine, shauri liliondolewa kabla mshtakiwa hajaitwa kujitetea, na mtu huyo anaweza kushtakiwa tena.

Sasa PF3. Tunaheshimu maumivu ya kila mtu, lakini tumechoka kuambiwa "PF3 ninayo, kwa nini ameshinda?" PF3 inasema umeumia. Haisemi nani amekuumiza. Ugomvi wa mwaloni, pale ufukweni panaposhushwa samaki, saa tatu usiku, mahakama itauliza taa ilikuwa gani, ilikuwa umbali gani, ulimwona kwa muda gani, na kama ulimtaja jina mapema. Walioshuhudia nao, siku ambazo hakuna mbalamwezi wako kambini kuvua dagaa, na wito wa mahakama unabaki kwa mwenye nyumba. Mahakama ya rufaa husoma yaliyoandikwa kwenye mwenendo, na shahidi ambaye hakuja hayumo humo.

Barua kwa Mkuu wa Mkoa haigeuzi hukumu. Kufungua kesi ileile kituo kingine cha polisi nako hakufai, maana aliyeachiwa huru hashtakiwi tena kwa kosa hilohilo. Kama una ushahidi wa rushwa, peleka TAKUKURU. Kama huna, usilitamke neno hilo kwenye korido zetu. Na anayekwenda "kumalizana naye" na vijana wa ukoo ajue kwamba shambulio la kudhuru mwili ni hadi miaka 5 jela, na kusababisha madhara makubwa ni hadi miaka 7. Safari hii mshtakiwa atakuwa yeye.

Jalada la mama yule, la Mahakama ya Wilaya, lilikuwa limeshasomwa na waendesha mashtaka. Mashahidi wawili walikuwa wamesema hawakuona sura, na wa tatu hakutokea. Rufaa haikukatwa. Tulimweleza kwamba anaweza kudai fidia kwa kesi ya madai, ambako kinachopimwa ni upande upi una uzito zaidi, ndani ya miaka 3 tangu alipopigwa. Akauliza yule shahidi wa tatu anaweza kuletwa huko. Tukamwambia ndiyo, akipatikana. "Mbalamwezi ikitoka atarudi," alisema, akaiviringisha tena bahasha kwenye kanga.