Nani kawaambia msimkumbuke?

Mteja mwingine tena wa ushauri nasaha kaja na maelezo yaleyale: kamblok mpenzi aliyemwacha, kafuta picha, kajikataza kumuwaza, na sasa anashangaa mbona jamaa anamjia hadi ndotoni. Ushauri kapewa na shosti. Shosti, nakuomba upumzike.

Mwaka 1987 mwanasaikolojia Daniel Wegner na wenzake huko Marekani walichapisha jaribio maarufu. Washiriki waliambiwa wasimfikirie dubu mweupe, na kila akiwajia wagonge kengele. Kengele zikalia. Baadaye waliporuhusiwa kumfikiria, wakamfikiria kuliko wale walioruhusiwa tangu mwanzo. Na huyo ni dubu tu, hajawahi kukununulia chipsi mayai.

Sasa tusichanganye mambo. Kuacha kuchungulia status yake ni sawa kabisa, anza leo. Hapo unapunguza vichochezi. Kupigana na kumbukumbu iliyokwisha kuja ni jambo jingine: mgeni keshakaa sebuleni, wewe bado unafunga mlango. Wimbo wenu ukipigwa kwenye daladala, utamwambia konda azime redio? Uache ukuume. Mara nyingi maumivu yanapoa kabla hujafika kituoni kwako.

Hatua tano za majonzi za daktari Kübler-Ross, zile zinazoanza na kukana na kuishia na kukubali, tuziweke kando. Kitabu chake cha 1969 kilitokana na mazungumzo na wagonjwa waliokaribia kufa. Usiniulize uko hatua ya ngapi.

Mimi nawafuata watafiti wa majonzi Stroebe na Schut, 1999: mwenye majonzi huyumba kati ya kulia na kuendesha maisha. Asubuhi kilio, mchana unanunua LUKU, na vyote ni sehemu ya kupona. Ndiyo, nao waliandika kuhusu kufiwa, nicheke tu. Lakini mjane watu humlalia matanga, wakaja na unga na sukari. Hata mtalaka wa Kiislamu ana eda yake. Aliyeachwa na mchumba anaulizwa ripoti ya mwezi iko wapi.

Shaka yangu iko hapa: kuna anayekumbuka akapata nafuu, na kuna anayekumbuka akazama. Vitabu vinachora mstari katikati. Nikiwa na mteja mbele yangu, mara nyingi siuoni. Ninachosikiliza ni kama hadithi inabadilika. “Aliniacha ghafla” ikiwa “tulishaanza kununiana tangu Krismasi”, nashusha pumzi. Ikirudi neno kwa neno wiki baada ya wiki, na usingizi na chakula havipo, tunaonana mara nyingi zaidi. Na anayewaza kujiua asisubiri miadi yangu, aende hospitali leo, shosti amsindikize.