Kitabu cha mbeba boksi si mwongozo wa viza

Kwa wauza vitabu vya mtumba pale Posta, Dar es Salaam, kitabu cha Mwafrika aliyehamia Ulaya au Marekani hakikosi wa kukishika. Kijana anakiokota, anafunua harakaharaka, anaangalia picha za katikati, kisha anamuuliza muuzaji: "Huyu anasema viza aliipataje?" Akiambiwa hajasema, anakirudisha kwenye turubai na kuendelea na safari zake.

Hiyo ndiyo dhana inayotuponza kuliko zote, kwamba kumbukumbu za wahamiaji ni maelekezo ya namna ya kwenda. Mtu anayezisoma hivyo atavunjika moyo mapema, maana safari yenyewe mara nyingi ni kurasa chache. Uzito uko baada ya uwanja wa ndege. Kuna makaratasi, kodi ya nyumba, zamu za usiku, cheti cha chuo cha huku ambacho mwajiri wa kule hakitambui, na mwalimu wa sekondari anayejikuta anabeba boksi ghalani au anaogesha wazee wa watu. Tena ukisoma taratibu utakuta kurasa nyingi zinatuzungumzia sisi tuliobaki. Simu inalia saa nane za usiku kule Boston. Huku Mbagala ni saa tatu asubuhi, shangazi keshakunywa chai, anaulizia mchango wa harusi. Aliyepigiwa ametoka kazini saa sita na anarudi kazini saa kumi na mbili. Anajibu, "Nitatuma, shangazi," kwa kuwa jibu jingine halipo. Akikata simu, huku kikao kinaendelea: "Yuko Marekani, laki tatu zitamshindaje?" Ukiniuliza mimi, hayo ndiyo yanayofanya vitabu hivi vifae kusomwa Dar es Salaam. Tunajiona tulivyo upande wa pili wa simu, na hatupendezi sana.

Wengine husema haya ni mambo ya Wanaijeria na Waghana, kwamba pwani yetu haina mtu aliyeandika. Huko ni kusahau mapema. Sayyida Salme, binti wa Sultan Said, alizaliwa Mtoni, Unguja, mwaka 1844. Mwaka 1866 alitoroka kwa meli ya Waingereza akiwa mjamzito, mwaka uliofuata akafunga ndoa huko Aden na mfanyabiashara Mjerumani, akahamia naye Hamburg kwa jina la Emily Ruete. Mwaka 1870 mume akafa kwa ajali ya tramu, akamwachia watoto watatu wadogo katika nchi ambayo lugha yake alikuwa bado anajifunza. Binti wa sultani akaishia kufundisha lugha ili watoto wale. Kumbukumbu zake zilitoka kwa Kijerumani mwaka 1886. (Kuna watakaobisha kama mwenye baba wa Oman na mama wa Kicherkesi ni Mwafrika. Wabishe, kwao palikuwa Unguja, na Unguja ndiko alikokulilia.)

Ila kitabu hicho, sehemu kubwa, kinaeleza maisha ya Zanzibar: majumba, sikukuu, ndugu na fitina zao. Machungu ya Ujerumani aliyaandika zaidi katika barua, na barua hizo zilichapishwa miaka ya 1990, yeye akiwa amefariki tangu 1924. Mhamiaji huwasimulia wenyeji wake habari za kwao alikotoka, ndizo wanazotaka kuzisikia. Habari za huko alikofikia, za upweke na madeni, hukaa sandukuni.

Kwa Kiswahili nako tulianza zamani. Miaka ya 1890 Amur bin Nasur wa Zanzibar alikuwa mwalimu wa Kiswahili Berlin, na maelezo yake ya maisha ya mji ule yamechapishwa. Martin Kayamba, karani wa serikali kutoka Tanga, alikwenda London mwaka 1931 kutoa ushahidi mbele ya kamati ya Bunge iliyojadili kuziunganisha Tanganyika, Kenya na Uganda. Aliporudi akaandika "Tulivyoona na Tulivyofanya Ingereza", kikatoka 1932. Hao hawakuhamia moja kwa moja, lakini waliandika kwa ajili ya msomaji wa kwao, jambo ambalo wengi wa leo wameliacha.

Halafu kuna hili la baridi na ubaguzi, eti humo hamna kingine. Vyote vimo, sikatai. Lakini mchukue Buchi Emecheta wa Nigeria, aliyemfuata mumewe London mwaka 1962. Wenye nyumba waliowakataa weusi anawaeleza vizuri tu, ila aliyeuchoma moto mswada wake wa kwanza alikuwa mumewe mwenyewe. Alitoka kwenye ndoa hiyo na watoto watano, akaendelea kuandika. Ugenini huwageuza watu ndani ya nyumba. Mke anapata kazi kabla ya mume, mtoto anaijua lugha kuliko baba, na heshima ya nyumbani inapaswa kupangwa upya.

Abdulrazak Gurnah aliposhinda Nobel mwaka 2021, wengi walimsoma kana kwamba anasimulia maisha yake mwenyewe. Anaandika riwaya. Aliondoka Zanzibar kijana baada ya Mapinduzi ya 1964, na uzoefu huo umemlisha, lakini wahusika wake ni wa kubuni. Anayetaka kumwonja kwa Kiswahili atafute "Peponi", tafsiri ya Ida Hadjivayanis iliyotolewa hapahapa Dar na Mkuki na Nyota.

Dhana nyingine ni kwamba kwa kuwa mtu kaandika yaliyomkuta, basi kaandika yote. Hebu fikiri: "aliyejilipua", yaani aliyejifanya mkimbizi, akapata hifadhi kwa jina la Mrundi au Msomali wakati kwao ni Tandika, ataandika nini na kwa jina gani? Kurasa zake ni ushahidi dhidi yake. Ndiyo maana rafu zimejaa wasomi na wenye makaratasi safi, huku hadithi za vijana waliozamia meli bandarini zikibaki za mdomo, kwenye vijiwe vya Temeke na Kariakoo, na zinaongezewa chumvi kila zinaposimuliwa.

Mwisho ni lile neno kali, kwamba aliyerudi ameshindwa. Mtoro bin Mwinyi Bakari, mtu wa Bagamoyo aliyetupatia "Desturi za Wasuaheli" mwaka 1903, alikwenda Berlin mwaka 1900 kufundisha Kiswahili, akamwoa Mjerumani, Bertha Hilske. Mwaka 1905 waliamua kuja kuishi huku. Serikali ya koloni haikutaka kuona mweusi na mke mzungu, ikawazuia, wakalazimika kurudi Ujerumani. Alipeleka malalamiko kwa wakubwa wa koloni. Kitabu cha maisha yake ya Berlin hakukiandika, na malalamiko hayo ni sehemu ya karatasi ambazo wanahistoria wameyajulia maisha yake. Alifia Berlin mwaka 1927.