Mishumaa mitatu na tundu moja: Ibn al-Haytham juu ya nuru na kuona

Wengi humtaja mwanasayansi Ibn al-Haytham kama mvumbuzi wa kamera. Sifa hiyo si yake. Wachina na Wagiriki walishajua zamani kwamba jua likipenya tundu dogo huchora umbo lake ukutani. Kazi yake hasa, mzaliwa huyu wa Basra aliyeandika Misri mwanzoni mwa karne ya 11, ilikuwa kuuliza ni kipi katika kuona kinafanywa na nuru na kipi tunakifanya sisi. Jibu lilijaza juzuu 7 za Kitab al-Manazir. (Neno letu "mandhari" linatoka shina hilohilo.)

Kabla yake palikuwa na kambi mbili kubwa. Euclid na Ptolemy, na baadaye al-Kindi kule Baghdad, walisema jicho hutoa miale inayokwenda kugusa vitu. Wengine walisema umbo la kitu huja lenyewe machoni. Ibn al-Haytham aliikabili kambi ya kwanza kwa hoja nyepesi: ukikazia macho jua, yanauma. Kinachouma ni kile kilichoingia. Na hata mwale ukitoka jichoni, lazima urudi na habari. Basi kuna kitu kinaingia vilevile, na safari ya kwenda ni ya bure.

Ila kambi ya pili nayo ina shida. Kila nukta ya kitu chenye mwanga hurusha nuru pande zote. Kwa hiyo kila sehemu ya uso wa jicho inapokea nuru ya kila nukta iliyo mbele yake. Mbona basi hatuoni uji wa rangi tu?

Hapo ndipo jaribio lake la taa linapoingia, na unaweza kulirudia nyumbani usiku kwa mishumaa. Kata kipande bapa cha kopo la soda, kitoboe kwa msumari mwembamba mpaka tundu lifike milimita 3, kisha lainisha kingo kwa msasa. Kibandike juu ya dirisha ulilokata kwenye ubao au boksi kubwa. Upande mmoja panga mishumaa 3 kwenye mstari, sentimita 15 kati ya mmoja na mwingine, yote ikiwa mita 1 kutoka kwenye tundu. Upande wa pili simamisha karatasi nyeupe sentimita 50 nyuma ya tundu. Utapata miali mitatu midogo, iliyopinduka kichwa chini, ikiachana kwa sentimita 7.5. Ziba mshumaa wa kushoto kwa kiganja: utakaotoweka ni mwali wa kulia (ukitazama karatasi kutoka upande wa tundu). Ile miwili haitikisiki. Nuru zote tatu zimepita tundu moja bila kuchanganyika, kila moja ikashika mstari wake.

Likikataa, sababu kwa kawaida ni hizi. Tundu limetobolewa kwenye ubao mnene, likawa bomba, na mishumaa ya pembeni ikakatwa. Ndiyo maana nashauri bati la kopo. Au nuru inazunguka kando ya boksi na kuipausha karatasi. Au umetazama mapema mno: yape macho dakika 10 gizani. Tundu la milimita 10 litaleta mwanga mwingi zaidi, lakini miali itakuwa madoa ya mviringo. Ukubwa huo wa tundu ulimshughulisha Ibn al-Haytham mwenyewe katika risala yake ya umbo la kupatwa kwa jua. Taswira ya jua ukutani huwa na kipenyo cha milimita 9 hivi kwa kila mita ya umbali. Ukisimama mita 3, ni milimita 28. Tundu la milimita 5 litakuonyesha mundu wa jua lililopatwa, ncha zikiwa butu kidogo. Likikaribia milimita 28, mundu unafutika na kuwa duara. Tarehe 2 Agosti 2027 Afrika Mashariki itaona jua likipatwa kwa sehemu, kwa hiyo andaa bati lako. Tazama ukutani, usichungulie jua kupitia tundu.

Jaribio linathibitisha kwamba nuru hazichafuani hewani. Halielezi jicho linavyozichambua, maana mboni si tundu la msumari. Ibn al-Haytham alisema lenzi ya jicho huhisi tu mwale unaoingia kwa pembe mraba. Mingine hupinda na kudhoofika, haihesabiki. Hapa naona alijikwaa: mwale uliokosa pembe mraba kidogo sana haudhoofiki kiasi cha kupuuzwa. Pia aliogopa taswira iliyopinduka, akaipangia miale njia isikutane ndani ya jicho. Mnajimu Mjerumani Johannes Kepler ndiye aliyekubali mwaka 1604 kwamba lenzi huikusanya miale yote, na taswira hukaa kichwa chini kwenye retina, utando ulio nyuma ya jicho.

Juzuu ya pili ya Kitab al-Manazir, isiyosomwa sana, kwangu ndiyo yenye uzito. Humo Ibn al-Haytham anaorodhesha sifa 22 tunazoziona, kuanzia nuru na rangi hadi umbali, ukubwa, mwendo, uzuri na ubaya. Kati ya hizo, hisi tupu hupata nuru na rangi peke yake. Zilizobaki ni kazi ya kupambanua, inayopita upesi hata tusijue imepita. Neno alilotumia, qiyas, ndilo lililotuachia kiasi na kukisia. Hata rangi inataka muda: chukua pia, ile ya kuchezea watoto, ipake mistari ya rangi mbalimbali, izungushe kwa nguvu, nawe utaona rangi moja ambayo haimo katika zile ulizopaka.

Mwezi mpevu unaochomoza ni mfano wake mzuri kuliko yote. Karibu na upeo wa macho, miti na mapaa hutupa vipimo vya umbali, tukauhesabu mwezi kuwa mbali, kwa hiyo mkubwa. Juu angani hakuna cha kupimia. Toboa karatasi kwa mashine ya kutobolea karatasi za faili, ambayo hutoa tundu la milimita 6 hivi, unyooshe mkono na kufumba jicho moja. Mwezi wa jioni utaenea humo. Rudia usiku wa manane: utaenea vilevile, na kwa vipimo vya kweli ule wa upeoni ndio mdogo kwa asilimia 1 au 2, kwa kuwa uko mbali nawe zaidi.